Jezi Iliyorudi Safi

Mimi ndiye niliyefua. Miaka tisa,
Barabara ya Kumi na Nane, Ngamiani,
makarai mawili, sabuni ya mche,
na kamba toka nguzo ya umeme hadi choo cha jirani.
Jumatatu gunia likishushwa
nalijua kabla sijalifungua:
jasho, dawa ya misuli, nyasi za Mkwakwani.

Basi msinisimulie mimi habari za Mbelwa.
Ninyi mmehesabu mabao. Thelathini na manne.
Jana kwenye kumuaga, mshereheshaji ameyasoma moja moja
mpaka la thelathini na mbili, umeme ukakatika,
mkapiga makofi gizani.
Mimi nilihesabu namba saba
kila iliporudi safi.

Mara ya kwanza nilidhani wamesahau kuivaa.
Nikaigeuza nje ndani, nikainusa kwapani:
harufu ya kabati tu.
"Kifundo, mama," kijana wa gunia akasema. "Wiki mbili."
Zikawa mechi sita.
Nikachukua daftari la hesabu la mwanangu, lililobaki kurasa,
nikaandika kwa penseli: Kifundo. Sita.

Kadi tatu za njano: moja. Hiyo nilimtukana peke yangu, uani.
Taifodi: mbili.
Msiba wa mama yake, Lushoto, mvua imekata barabara,
alikwenda kwa siku tatu, akarudi baada ya kumi na moja: mbili.
Akaja kocha aliyependa warefu.
Jezi zikawa zinarudi na mstari wa rangi ya benchi mgongoni,
si safi, si chafu,
nikazipa ukurasa wake, sikuzijumlisha.

Kisha goti.
Goti lilikula msimu mzima, likaung'ata na uliofuata.
Ishirini na tisa.
Nilichoka kuandika goti, goti,
nikawa naweka nukta.

Mtaniuliza, jezi safi inafuliwa ya nini?
Inafuliwa. Imelala gunia moja na jasho la wenzake,
imebeba harufu isiyo yake.
Niliifua mwisho, kwa maji matupu,
nikaianika kivulini, upande wa bomba.
Ndiyo maana aliporudi, mliona wenyewe,
wenzake wote wamepauka
na yeye kijani kibichi, kama mgeni wa harusi.

Sasa ile ya Aprili.
Pointi moja tu tusishuke daraja, na Mbelwa hayupo.
Mji mzima ukasema kala pesa.
Vijana wa Makorora wakamwandikia ukutani kwa mkaa
neno ambalo mkewe alilisugua siku mbili.

Mimi siku hiyo nilikuwa Bombo, nimempelekea dada yangu uji.
Saa kumi na nusu, redio ya mlinzi inatangaza mpira,
na yeye yuko korido ya wodi ya watoto
ameinua chupa ya dripu kwa mkono,
maana vyuma vya kutundikia havikutosha.
Mkono ukichoka, anabadilisha.
Hakuketi. Tukasalimiana, basi.

Mtoto hakuwa wake. Alikuwa wa Semkiwa, golikipa,
aliyekuwa uwanjani muda huo huo akidaka.
Mawinga tulikuwa nao watatu.
Kipa mzima alikuwa mmoja.

Semkiwa alifungwa matatu, akafunga na mdomo.
Mbelwa hakusema. Mimi ningesema kama nani?
Mfua nguo.

Ninyi mnasema amekosa mechi arobaini na moja.
Daftari langu lina arobaini.

Jumatatu ile gunia lilikuja jepesi, hakuna aliyenisalimu.
Namba saba ilikuwa safi, imekunjwa vilevile nilivyoikunja.
Nikaitia sabuni.
Nikaifikicha kola, nikaifikicha kwapa,
nikaikamua mpaka vidole vikauma,
nikaianika juani, katikati ya zile zilizocheza.