Mshipa Uliosita Mlangoni

Kazi yangu ni kusaga mawe.
Si ya barabara, wala ya zege:
nasaga jiwe mpaka mwanga upite,
mpaka gazeti lisomeke nyuma yake.
Miaka thelathini na moja hapa Aberdeen,
chumba cha chini, bomba la maji baridi,
unga wa kusagia, kioo, vidole vyangu.
Jina langu Ishbel Cruickshank.
Kwenye makala zao sitajwi; hutajwa namba ya kipande.

Jiwe latoka Rhynie,
chini ya malisho ya kondoo, mahali pasipo na cha kutazama.
Zamani za zamani palichemka chemchemi,
maji yakatapika kioo,
yakavifunika vimea vilivyosimama kando,
vikaganda na seli zao, na kuvu wao, na kiu yao.
Miaka milioni mia nne na ushei.
Jani lilikuwa halijajulikana.

Hebu fikiria: kijani kisicho na jani.
Vijiti tu, urefu wa kiganja,
vinagawanyika mara mbili, na mara mbili tena,
uchi, vimepakwa nta,
na matundu ya kuvutia hewa ya kuhesabika,
kwa kuwa hewa ya ukaa ilikuwa tele
na hapakuwa na haja ya madirisha mengi.
Jani pana siku hizo lingejipika lenyewe,
lingekunjamana kama ngozi juu ya jiko.

Ila kimoja kiliota vigamba.
Hicho ndicho nikipendacho.
Ukikikata kwa upana, mna nyota katikati,
na kwenye ncha za nyota hutoka vijishipa,
vinakwenda, vinakwenda, mpaka chini ya kigamba.
Hapo vinasita.
Vimefika mlangoni na havikupiga hodi.
Kigamba kimebaki nje, hakina bomba,
si jani, si mwiba.

Jumanne moja ya Februari
niliona mshipa uliovuka.
Uzi mmoja wa hudhurungi
umeruka kizingiti, umeingia ndani ya kigamba
kwa kiasi cha unene wa unywele.
Kipande kilikuwa kinene bado, ukungu ukungu.
Nikasema: mara moja tu, kitakate.
Nikazungusha mkono mara moja.
Nikasuuza. Nikatazama.
Kioo kitupu.

Asiyejua kusaga hudhani jiwe ni kitu kigumu.

Daktari Lumsden hakunigombeza.
Aliuliza, "Una hakika?"
Nikasema sina. Na kweli sina.
Huenda ulikuwa ufa. Huenda uzi wa kuvu.
Hakuandika kitu, maana hapakuwa na kitu.

Wengine walifika kwa njia nyingine, hilo najua.
Jamaa za kangaga walichukua matawi,
wakayalaza bapa, wakayaunga kwa utando
kama miguu ya bata;
hewa ya ukaa ilipopungua wakafungua madirisha maelfu,
jasho likawapoza, wakatanuka.
Msonobari ukalikunja lake likawa sindano.
Kule bwawani Dinnet kuna mmea
uliolipaka lake gundi, ukaanza kula nzi.

Nyumbani kwa mama kuna ua wa holi.
Chini, mdomo wa mbuzi unapofika,
kila jani limejaa miiba ukingoni.
Juu, usawa wa paa, mti uleule,
majani laini, hayana hata mmoja.
Mama husema holi ana adabu kwa ndege tu.

Na kando ya reli, kile kichaka cha maua ya njano,
mwiba mtupu, hata kondoo hukipisha.
Aprili nilikuta chipukizi lake ndani ya kokoto.
Lilikuwa na majani. Matatu matatu, mororo,
kama ya mababu zake;
wiki chache zijazo litayasahau, lichongoke.

Nikachuchumaa. Treni ya saa kumi ikapita,
upepo wake ukalilaza, likainuka.
Vidole vyangu vilikuwa na unga wa jiwe bado.
Sikuligusa.