Sufu Menoni

Langoni mwa Enid Tallentire, huko juu kaskazini mwa Uingereza
ambako mvua si mgeni, ni mwenyeji,
pana kibao cha bati, herufi nyekundu zimechujuka:
mbwa atakayemtia kondoo worry
atapigwa risasi.

Nikacheka. Nilimwona mbwa
kajikalisha majanini, kakunja miguu,
anamsimulia kondoo habari za mkopo, za bei ya majani makavu,
za mtoto aliye mbali asiyepiga simu.

Enid hakucheka.
Alinipeleka hadi kijitoni, buti zikifyonza tope,
akaniinulia shingo ya kondoo jike aliyekufa juzi.
"Neno lenyewe hili hapa," akasema.
Sufu imelowa mate. Koo limekabwa, halikuliwa.

Mimi nimelelewa na neno jingine.
Wasiwasi: lisikie linavyojirudia,
wasi, wasi,
mdomo usioonekana pembeni mwa sikio,
hata ukijiziba kwa mto linanong'ona.
Lao halinong'oni. Lao lilianza kama kidole gumba.
Wahenga wao walipolitamka
walimaanisha kunyonga, basi.
Likatoka mikononi mwa watu, likahamia kwenye meno ya mbwa mwitu;
mbwa mwitu wakaisha, likabaki kwa mbwa.
Baadaye mtu akamwandama mwenziwe kwa maswali,
maswali, maswali, akimtikisa kama panya,
wakaona nalo linafaa.
Mwisho likaingia ndani ya mtu, likafunga mlango.
Sasa mwenye koo na mwenye meno ni mmoja.

Na siku hizi dukani wanaagana nalo,
hakuna worry, hakuna, huku wakihesabu chenji:
hakuna aliyenyongwa hapa, karibu tena.

Jumanne alfajiri Enid aligonga dirisha langu.
Moss, mbwa wake wa miaka kumi na mitatu,
kipofu wa jicho moja,
aliyemlinda marehemu mumewe kitandani hadi pumzi ya mwisho,
alikuwa mbele ya jiko, anapiga mkia.
Menoni, nyuzi za sufu.

Hakusema kitu. Alipiga magoti,
akazitoa kwa kucha, uzi baada ya uzi,
kama mama anayemtoa mwana mwiba wa samaki,
akazitupa motoni. Chumba kikanuka nywele.
Bunduki ilikuwa ukutani, mahali pake pa siku zote.
"Kibao nilikipigilia mimi," akasema,
akaenda kuchemsha chai ambayo hatukuinywa.

Usiku ule taa yake haikuzimwa.
Nilimwona kutoka ng'ambo ya ua, ameketi kitini,
mbwa kalala fofofo,
na mkono wa Enid uko shingoni mwake mwenyewe,
haukabi,
umekaa tu.