Kadi ya Kumbukumbu

Darini, huko Fermo, chini ya mabuti ya theluji,
Nazzareno kaikuta mashine,
waya umejiviringa kama paka.
Kaipuliza vumbi, kaichomeka.
Ikaguna. Ikawaka.

Kadi ina kumbukumbu moja tu:
NOEMI, saa arobaini na mbili.
Na kichimbakazi yupo palepale alipoachwa,
penye daraja la barafu, bawa moja limezimika,
anapumua, anapepesa macho,
miaka kumi na minne hajaketi.

Vidole vya fundi viatu, vigumu kwa gundi,
vilibonya mraba badala ya duara.
Akaanguka.
Akaanguka tena.
"Siyo hivyo, baba!" Hakuna aliyesema.
Noemi yuko Stuttgart, zamu ya usiku, simu kaizima.

Mara ya ishirini na kitu, akavuka!
Mwenyewe alishtuka: mabawa yote mawili wazi,
zambarau ikamwagika sebuleni
hadi kwenye soksi zake.

Mashine ikauliza:
Niandike juu ya ile ya zamani?

Kahawa ikapoa.
Kisha akabonya Hapana,
akamrudisha binti kwenye baridi yake, darajani,
amngoje mwenyewe.