Mbogo wa Kufika Kiunoni

Mimi ni wa ukoo wa Mbogo,
mzaliwa wa Bugala, kisiwa kisicho na mbogo hata mmoja.
Tangu niache ziwa la mama
nimemwachia nyama yake yote mnyama nisiyemjua,
na yeye hajawahi kunishukuru.

Kazi yangu mizani.
Trekta huja na makole ya michikichi, mekundu, yenye miiba.
Nasoma kilo, naandika risiti,
mkulima anaikunja mara nne kama cheti cha ndoa.
Shati langu hunuka mafuta hata Jumapili.

Jumanne ile mvua ilizuia matrekta.
Erina, binti wa kaka yangu, akanisogezea simu yenye ufa.
"Baba mdogo, tazama. Huyu naye mbogo."

Kweli alikuwa mbogo,
ila kama sweta ya shule iliyofuliwa vibaya:
bega lake halipiti kiuno changu,
pembe mbili fupi, zimenyooka, zimelazwa nyuma
ili zisinase akipenya vichakani.
Anaitwa anoa.
Anaishi Sulawesi, kisiwa cha Indonesia,
katika msitu wa mvua kama wetu.
Kama uliokuwa wetu.
Hana kundi. Hupita peke yake alfajiri,
akitia kwato kwenye tope lisilo na njia.
Wamebaki wachache. Sababu Erina alizisoma taratibu:
mitego. Misumeno. Mashamba.
Akanitazama mimi, akaitazama mizani.

Jioni tukampelekea shangazi Federesi shauri: je, huyu ni wetu?
Alikuwa akichambua dagaa.
Akapangusa vidole, akavaa miwani,
akamkagua mnyama kama anayekagua mchumba.
"Ana kwato?"
Anazo.
"Ana pembe?"
Anazo.
"Basi hatumli."
Nikacheka. Nani atatuletea Kalangala nyama ya Sulawesi,
hapa ambapo hata ng'ombe huja kwa feri?
"Hatumli," akarudia. "Ufupi si ukoo mwingine."

Usiku sikulala.
Kulikuwa na jambo jingine Erina alilosoma:
mfupi yule ni mkali,
ukimbana kwenye kona hakupigii magoti.
Na Kiswahili, lugha niliyookota gatini kwa wachuuzi,
kinasema mtu akiwaka hasira amekuwa mbogo.

Nilikuwa na miaka kumi na minne
msitu wa nyuma ya nyumba yetu ulipolala chini.
Hondohondo walizunguka siku tatu
juu ya mahali pasipo tawi.
Baba alipokea fidia, akanunua bati na baiskeli,
akatupitisha sote kwa zamu kwenye keria, tukipiga kengele.
Ukoo mzima wa Mbogo,
na hakuna aliyekuwa mbogo.
Mimi mwenyewe, nywele za kidevu zilipoota,
niliandika barua ya kuomba kazi ya mizani.
Kwa mwandiko mzuri.

Asubuhi Erina alinifuata kazini.
Ukungu ulikuwa bado umekalia michikichi,
mistari kwa mistari, kila mti umbali uleule na jirani yake,
hadi kwenye ule ukanda wa msitu uliosazwa kando ya ziwa,
mwembamba kama pindo la gauni.
"Anoa mdogo kabisa ana kilo ngapi?"
Kama mia hivi, nikasema, kwa ulivyonisomea.
Akavua ndala, akapanda kwenye bamba la mizani.
Thelathini na nne.
Akaninyooshea mkono.

Miaka tisa nimepima kila kitu juu ya bamba lile,
sijawahi kulikanyaga.
Lilikuwa baridi, lina utelezi wa mafuta.
Mshale ukapanda, ukatetemeka,
ukasita kama mtu aliyesahau neno,
ukasimama.
Mia na tatu.

"Tumekuwa mbogo," akasema Erina.
"Mdogo."

Trekta la kwanza likapiga honi.
Likapiga tena.
Hatukushuka.