Wino Hauongezeki

Shangazi Tupokigwe aliniachia vitu vitatu:
sweta lililotoboka kiwiko,
deni la kilo nane za sukari dukani kwa Mwakatobe,
na chupa ya wino iliyozibwa kwa gunzi.
Usiiweke juani, alisema. Usiitikise.
Na ikikohoa usiku, iache ikohoe.

Mimi ni karani wa mzani. Kibanda chetu kiko chini ya Rungwe,
pale lami inapokoma na utelezi unapoanza.
Naandika: Lugano, kilo kumi na mbili za majani mabichi.
Andembwisye, kilo tisa, toa moja ya maji.
Tukuyu mvua haina msimu, ina mapumziko tu,
na ni katika pumziko moja la mwezi wa nne
nilipolichomoa gunzi.

Ulikuwa wa baridi kama pua ya ndama.
Ulipanda wenyewe kwenye nibu,
haukungoja mkono wangu.
Nyuma ya karatasi ya mahesabu nikaandika kilima,
karatasi ikatuna.
Nikaandika ukungu, kidole kikalowa.
Nikaandika ng'ombe watatu, wakageuka, wakanitazama
kwa ile dharau ya ng'ombe wa watu.

Nchi ile sikuipa jina. Jina lingekula wino.
Mto wake ulipanda mlima,
migomba ilizaa kabla ya kuulizwa,
na barabara zake, naapa, hazikuteleza.

Ndipo nikamwandika Asajile.

Kaka yangu alikwenda na Kiwira
akivusha plau ya kuazima.
Nilimwandika kwa herufi ndogo, kwa woga:
kofia ya sufu, pengo la jino la mbele,
mbinja yake isiyomaliza wimbo.
Akasimama ukingoni mwa karatasi.
Ugonile, akasema, kana kwamba alitoka kisimani.

Akaomba nyumba. Nikaandika nyumba.
Asubuhi kilima hakikuwepo.
Akaomba mke. Nikamwandikia, mrefu, mcheshi,
na mto ukakauka kuanzia juu,
yaani kuanzia mwisho wake.
Nilipeleka chupa na karatasi kwenye mzani wa sukari wa Mwakatobe:
gramu mia nne na kumi.
Kesho yake, zile zile.
Hapo nikaelewa chupa ilikuwa ikikohoa nini.
Wino hauongezeki. Hauumbi, unahama.
Kila kinachokuja kimetoka kwenye mwili wa kingine.

Mkewe akashika mimba bila mimi kuandika.
Sijui nani aliwapa kalamu.
Ng'ombe wakafifia, mmoja, wa pili,
migomba, barabara, ukungu wenyewe.
Mtoto alikuwa anainywa nchi.
Nikajaribu kuwaongezea: masizi ya kibatari,
maji ya zambarau, damu ya kidole changu.
Wino ukavitema pembeni
kama mtoto atemavyo kwinini.

Usiku wa mwisho mke hakuwepo tena,
na Asajile alibaki nusu: mbinja bila midomo.
Usiniandike tena, alisema, au nilisoma,
mwache huyu apite.
Akaondoka herufi kwa herufi, irabu kwanza:
Asajile,
sjl,
doa.

Kichanga kililia mara moja
kwenye nchi isiyo na mlima, mto wala mama,
nchi ya mtu mmoja asiye na pa kulazwa,
kisha nacho kikateleza kwenda chupani.
Nilisikia tone. Moja.

Chupa imejaa hadi shingoni, kama siku ile.
Ukiitazama utadhani hakuna aliyewahi kuandika.
Lakini nibu ilikuwa ikikandamiza, na karatasi ni nyembamba.
Taa ikizimwa napitisha dole gumba nyuma ya mahesabu:
hapa kilima. Hapa kofia.
Hapa, penye kitundu,
nilipokandamiza mno,
ni lile pengo la jino.

Asubuhi Andembwisye analeta kilo kumi na moja.
Natoa moja ya maji.
Deni la Mwakatobe limebaki kilo tatu.