Tafuta Thamani ya X

Leo asubuhi nimeikuta ukutani, nyekundu, bado mbichi,
mguu wake mmoja umechuruzika hadi dirisha la jikoni.
Miaka thelathini na moja alama hii nimeiandika mimi,
kwa wino mwekundu, shule ya msingi, Kiwalani,
pembeni mwa majibu ya watoto wa watu.
Sasa nimesimama na kanga, mswaki mdomoni,
naikagua nyumba yangu kama daftari:
nimekosea wapi?

Msingi niliuchimba kwa mkopo wa SACCOS.
Mchanga, lori moja kila mwisho wa mwezi;
Januari hakuna lori, kuna ada.
Bati mbili zilibaki, nikampa Mama Nasoro
akaezekea banda la kuku.
Leseni ya makazi ipo, chini ya godoro,
na stakabadhi za kodi ya jengo, zote,
hata ile iliyoliwa na mende.

Saa nne akaja mthamini, Bwana Mlaki, na futi kamba.
Kijana mpole. Alivua viatu mlangoni.
Akapima sebule, akapima choo,
mipapai miwili akaiandika;
wa tatu haujazaa, akasema, hauna bei.
Ila ipo posho ya usumbufu.
Nikamuuliza usumbufu unapimwa kwa futi ipi,
akacheka kidogo, akaomba maji.

Ardhi ni ya umma, Mwalimu.
Najua. Nimeifundisha.
Na mimi niliyekushikia kikombe, nimo ndani ya umma
au nimebaki nje ya mabano?

Barabara naitaka. Hilo nisidanganye.
Masika ya mwaka juzi tulimbeba Chausiku, uchungu umemshika,
juu ya mlango tuliong'oa, matope magotini,
kuitafuta lami.
Mtoto alizaliwa kabla ya lami.

Akanipa karatasi nitie sahihi.
Chini kabisa, tarakimu moja ndefu,
imepigiwa mistari miwili, kama jibu.
Hatua hata moja hakuna.
Mwanafunzi angeniletea hivi ningemrudishia.
Nikamwambia: Onyesha njia.

Akainuka, akaenda dirishani, akanyoosha kidole:
inaanzia kule kwenye nguzo ya umeme,
inapita hapa tulipokaa,
inatokea kwa Mama Nasoro.

Sikutia sahihi. Wala sikukataa.
Nimechukua penseli, nimeandika pembeni, kwa herufi ndogo:
rudia.
Kisha nikaenda kuufuta ule mchuruziko wa dirishani
kabla haujakauka.