Daftari la Kabula

Mkuu wa chuo anataka ripoti, mstari mmoja tu:
mechi kumi na mbili, tumeshinda nne, sare mbili, tumefungwa sita.
Pointi kumi na nne. Nafasi ya tano kati ya timu saba.
Nimeandika kwa wino wa bluu, nimegonga muhuri.
Lakini daftari langu lina kurasa nyingine,
na kurasa hizo zinanuka dagaa.

Maana uwanja wetu wa Igombe, siku sita kwa juma,
si wetu. Ni wa mama Nyamizi na wenzake,
wanaoanika kuanzia katikati hadi kibendera cha kona.
Jumamosi saa nane wanazoa kwa mafagio, wananung'unika:
"Huo mpira unawalipa shilingi ngapi?"
Hatukuwa na jibu. Mechi ya kwanza tulifungwa tano.

Tano bila. Nkwabi, kipa wetu,
usiku ule alifua glavu zake mara tatu,
kana kwamba mabao ni madoa.

Ya pili, Nansio. Ziwa lilichafuka.
Magesa, aliyejisifu kwamba alizaliwa mtumbwini,
alikumbatia reli ya kivuko kama mkwe aliyerudi toka safari.
Tulishuka tukiwa kijani kama magugu maji.
Sare, bila bao. Nani angekuwa na tumbo la kufunga?

Ya tatu, Magu, tulishinda.
Lutonja aliruka amefumba macho,
kona ikamgonga sikioni, ikaingia.
Sikio lilivimba juma zima; akakataa barafu.

Ya nne, ya tano: mvua, mvua.
Ya sita ndiyo siwezi kuiandika kwa namba.
Masalu alimrudishia kipa mpira,
na kipa ameinama, anafunga kamba ya kiatu.
Moja bila. Tulijifunga wenyewe.
Siku mbili Masalu hakuonekana bwaloni.
Ya tatu, mwalimu Mafuru akambebea sahani ya ugali,
akakaa kitandani kwake, hakutaja mpira.
Alimuuliza habari za pamba ya mama yake,
kama mwaka huu imefunguka vizuri.

Kisha, sijui kwa nini, tukashinda ya saba.
Na ya nane: vijana wa mjini, jezi mpya, pua wameziba,
wakikimbia kwa mkono mmoja.
Mama Nyamizi hakuondoka na ndoo zake siku hiyo.
Alisimama nyuma ya goli akimwita refa majina
ambayo daftari la chuo haliwezi kubeba.

Ya tisa tulilala. Ya kumi tukaamka.
Ya kumi na moja tukalala tena, usingizi wa pono.

Ya mwisho, nyumbani. Moja moja. Dakika ya tisini, penalti.
Tukishinda, tunakwenda mtoano wa kanda.
Lutonja anautaka mpira; Masalu ameshauweka chini.
Hakuna aliyemwambia aweke. Hakuna aliyemwambia aondoe.

Akapiga.
Mpira ukapaa juu ya mwamba wa goli,
ukagonga ule mwamba mwingine, wa Mungu,
uliokaa pale nyuma kabla chuo hakijawa chuo,
ukarudi kwa kasi, ukautikisa wavu kwa nje.
Upande wa pili wa uwanja waliona wavu tu.
Kofia zikarushwa, fagio likarushwa,
mama Nyamizi akapiga vigelegele,
na kwa muda wa pumzi mbili, labda tatu,
tulikuwa na pointi kumi na sita.

Mkuu, hilo halimo kwenye mstari wako.

Jumatatu nilipita kuchukua vibendera.
Dagaa walikuwa wametandazwa hadi mstari wa goli,
ila pale pa kupigia penalti pameachwa wazi,
duara la ukubwa wa sinia.
Sikuuliza. Huenda palikuwa na tope.
"Jumamosi mnacheza na nani?" akaniuliza mama Nyamizi,
bila kuinua kichwa.